Mwanachama "Hai" na Migogoro ya Uchaguzi Katika Vyama vya Ushirika

Wahenga walinena kwamba ulimi hauna mfupa. Lau wangaliishi hadi zama hizi za mikutano mikuu, sajili za wapigakura na hati za kiapo, naamini wangaliongeza kuwa kalamu nayo haina mfupa. Nasema hivi kwa sababu kalamu iliyochangia kukigawanya chama kimoja cha ushirika wa maziwa ilikuwa yangu mwenyewe.

Mnamo mwaka 2009, nikiwa ndio kwanza nimehitimu shahada ya uzamili katika isimu, viongozi wa chama cha wafugaji cha kijijini kwetu waliniomba niwatafsirie sheria ndogo za chama kutoka Kiingereza hadi Kiswahili. Niliona fahari kubwa. Nilipofika mahali palipotaja mwanachama mwenye haki ya kupiga kura, maandishi ya Kiingereza yalisema "active member". Sikusita. Niliandika "mwanachama hai", kama watu wengi waandikavyo, nikafungua ukurasa uliofuata. Sikujiuliza: hai kwa kipimo gani? Sheria yenyewe haikusema, nami sikuwauliza walionituma.

Neno hilo lililala kimya kwa miaka minane. Kisha ukaja ukame wa 2017, ambao serikali iliutangaza kuwa janga la kitaifa mwezi Februari mwaka huo. Nyasi zilinyauka, ng'ombe wakakatika maziwa, na wafugaji wengi wakakaa miezi mitatu bila kupeleka hata lita moja kwenye kituo cha chama. Mwezi Aprili ukawadia mkutano mkuu wa mwaka, na pamoja nao uchaguzi wa halmashauri. Siku chache kabla ya mkutano, halmashauri iliyokuwa madarakani ilibandika tangazo langoni. Mwanachama ambaye hakuwa ameleta maziwa katika siku 90 zilizotangulia, lilisema tangazo hilo, hakuwa mwanachama hai, na kwa hivyo hangepiga kura. Wengi wa waliofungiwa nje walijulikana kuwa wafuasi wa kundi pinzani.

Likizo ya Pasaka ilinikuta nyumbani. Mzee mmoja, rika la marehemu baba yangu, alifika kwa mama akiwa amebeba kijitabu cha sheria ndogo ndani ya bahasha iliyochakaa.

"Daktari," aliniambia, "humu ni wewe uliyeandika. Mimi leo nimeamka, nimekunywa chai, nimetembea kwa miguu yangu hadi kwenye chama. Ninaambiwa mimi si hai. Nimekufa lini, mwanangu?"

Nilicheka. Yeye hakucheka.

Uchaguzi ulifanyika hivyo hivyo. Kundi pinzani lilifanya mkutano wake upande wa pili wa ua, likachagua watu wake, kisha likakimbilia Mahakama Kuu na kupata agizo la muda la kuwazuia waliotangazwa washindi wasiingie ofisini. Benki ilipokea barua mbili, kila moja ikitaja watia saini tofauti. Ikafanya jambo ambalo benki yoyote yenye busara ingefanya: ikafunga akaunti hadi itakapoambiwa na mamlaka husika wenye haki ya kutia saini ni akina nani. Wachache waliobakiwa na ng'ombe wenye maziwa waliendelea kuyapeleka, lakini malipo hayakutoka. Watoto walifukuzwa shule kwa kukosa karo. Wachuuzi wa barabarani wakanunua maziwa kwa bei ya kutupa, maana mwenye njaa hana miiko ya bei.

Hapo ndipo nilipotambua kuwa mgogoro wa uchaguzi katika chama cha ushirika hauishii kwa wagombea wawili wanaovutana mashati. Humfikia hata mama ambaye hajawahi kutamani cheo chochote maishani mwake.

Kiti chenye funguo

Huenda msomaji akauliza: halmashauri ya chama cha ushirika ina nini hata watu waishtakiane kwa ajili yake? Sheria ya Vyama vya Ushirika ya 1997 inataka halmashauri iwe na watu wasiopungua watano na wasiozidi tisa. Watu hao wachache ndio huamua maziwa au kahawa iuzwe kwa nani, mkopo uchukuliwe wapi, na meneja aajiriwe yupi. Katika vyama vya akiba na mikopo, yaani Sacco, wao ndio wenye kushika funguo za jasho la watu. Walimu wanalijua hili vyema. Mwalimu Sacco iliasisiwa mwaka 1974, na tangu hapo vizazi vya walimu vimekuwa vikikatwa mishahara kila mwezi ili kuweka akiba. Ni nani asimamiaye akiba hiyo si swali la kupuuzwa. Ukaguzi wa kina katika KUSCCO, muungano wa Sacco nchini, ambao ripoti yake ilitolewa mapema mwaka 2025, ulitaja upotevu wa zaidi ya Sh13 bilioni. Pesa za namna hiyo zikipotea, mwenye kuumia ni mwekaji akiba wa mwisho kabisa.

Zaidi ya hayo, kura katika ushirika ina heshima ya pekee. Wale mafundi na wafumaji 28 walioanzisha chama chao mjini Rochdale, Uingereza, mwaka 1844, wanakumbukwa kwa kanuni ya kumpa kila mwanachama kura moja bila kujali ukubwa wa hisa zake. Muungano wa Kimataifa wa Ushirika uliikariri misingi ya aina hiyo katika tamko lake la Manchester mwaka 1995, na sheria yetu imeufuata mkondo huo huo. Katika kampuni, mwenye hisa elfu moja humzidi sauti mwenye hisa kumi. Katika ushirika, wawili hao ni sawa mbele ya sanduku la kura. Kwa hivyo anayemnyima mwanachama maskini kura yake amemnyang'anya nguvu pekee aliyonayo ya kumlinda dhidi ya tajiri.

Sheria ilikotoka

Ushirika nchini ulianza na walowezi. Chama cha kwanza kiliundwa Lumbwa, eneo ambalo leo ni Kipkelion, mwaka 1908. Ilibidi kusubiri sheria ya 1945 ndipo Waafrika wafunguliwe mlango ipasavyo. Baada ya uhuru, Sheria ya 1966 ilimpa Kamishna wa Ushirika mamlaka mapana mno juu ya vyama, kiasi kwamba mwanachama aliyeona mambo yakienda mrama alizoea kungoja serikali ije kumwamulia.

Miaka ya 1990 ilileta soko huria. Sheria ya 1997 iliwaachia wanachama vyama vyao wavitawale wenyewe. Wazo lilikuwa jema, lakini mtoto aliyebebwa mgongoni miaka thelathini hatembei siku ile ile anayoteremshwa. Katika maeneo ya kahawa ya Mkoa wa Kati, mwishoni mwa muongo huo, vyama vikubwa viligawanyika vipande vipande, makundi yakagombania viwanda, na damu ikamwagika. Marekebisho ya 2004 yalimrudishia Kamishna sehemu ya mamlaka yake, yakiwemo ya kuitisha uchaguzi katika chama chochote na kuhudhuria mikutano. Kisha Katiba ya 2010 ikaorodhesha vyama vya ushirika miongoni mwa majukumu ya kaunti.

Matokeo yake ni kwamba mwanachama mwenye malalamiko leo hujikuta mbele ya milango mingi. Kuna mkutano mkuu, kuna afisa wa ushirika wa kaunti, kuna Kamishna, kuna Jopo la Ushirika na kuna Mahakama Kuu. Abishe wapi kwanza?

Njia iliyowekwa

Sheria inasema kwamba mamlaka ya juu kabisa ya chama ni mkutano mkuu. Mkutano huo wapaswa kufanyika kila mwaka katika muda wa miezi minne baada ya mwaka wa fedha kumalizika, na wanachama wapewe ilani ya maandishi ya siku zisizopungua 15. Huo ndio mlango wa kwanza. Mwenye shaka juu ya sajili ya wapigakura au sifa za mgombea ana haki ya kusimama hapo na kusema.

Mambo yakishindikana, ofisi ya ushirika yaweza kuombwa iingilie kati, na Kamishna ana uwezo wa kuchunguza mwenendo wa chama. Mgogoro ukiendelea, Sheria ya 1997 iliunda Jopo la Ushirika ili lisikilize mizozo baina ya wanachama wenyewe kwa wenyewe, baina ya wanachama na chama au halmashauri yao, na baina ya chama na chama kingine. Asiyeridhika na uamuzi wa Jopo ana siku 30 za kukata rufaa katika Mahakama Kuu.

Njia ni hiyo. Hata hivyo, wengi huanzia mwisho. Makundi hukimbilia Mahakama Kuu kwa sababu jina lake ni kubwa na agizo lake hutisha. Husahau kwamba mwaka 1992, katika kesi baina ya Spika wa Bunge na Njenga Karume, Mahakama ya Rufaa ilisisitiza kuwa pale ambapo Katiba au sheria imeweka utaratibu bayana wa kutafuta haki, utaratibu huo sharti ufuatwe. Kanuni hiyo imekuwa ikinukuliwa na majaji tangu wakati huo. Kundi la kijijini kwetu lilitumia miezi saba likienda na kurudi mahakamani, likalipa mawakili kwa michango ya wafugaji, na hatimaye likaambiwa lipeleke lalamiko lake kwa Jopo. Hawakuambiwa kwamba hawana haki. Waliambiwa tu kwamba wamebisha mlango usio wao. Chelewa chelewa utamkuta mwana si wako.

Neno moja, maana mbili

Hata mlango wa Jopo nao una kitendawili chake, na hapa naomba msomaji anivumilie nizungumze kama mwanaisimu. Sheria inasema kuwa mgogoro unaopelekwa kwa Jopo ni ule unaohusu "business" ya chama. Neno hilo la Kiingereza tulitafsirije? Tukisema "biashara", tumelibana. Biashara yenyewe huhusishwa na maneno mawili ya Kiarabu, moja la kuuza na jingine la kununua. Uchaguzi wa mwenyekiti hauuzwi wala haununuliwi, angalau haupaswi. Tukisema "shughuli", tumelipanua, kwa sababu shughuli za chama ni pamoja na kukutana, kupanga, kuajiri na kuchagua viongozi.

Swali hili halikuanzia kwetu. Mwishoni mwa miaka ya 1960, Mahakama ya Juu ya India ililikabili neno hilo hilo katika kesi iliyohusu benki moja ya ushirika na mpangaji wa nyumba yake. Sheria ya jimbo la Maharashtra iliorodhesha mambo kadhaa moja baada ya jingine: uchaguzi wa viongozi, uendeshaji wa mikutano mikuu, usimamizi, na "business". Mahakama ikahoji: ikiwa uchaguzi tayari umetajwa peke yake, neno "business" litauhusishaje tena? Ikaamua kwamba hapo neno hilo lina maana finyu ya shughuli za kibiashara hasa.

Wakili mjanja aweza kuinua hukumu hiyo katika mahakama zetu na kudai kwamba Jopo halina uwezo wa kusikiliza kesi ya uchaguzi. Mwenzake aweza kumjibu kwamba hukumu hiyo yaonyesha kinyume chake. Katika isimu tunafundisha kuwa neno halibebi maana yake likiwa peke yake kama mtu abebavyo kitambulisho mfukoni. Maana yake hukadiriwa kwa majirani zake katika sentensi. Sheria ya India ilikuwa na vikapu kadhaa, kwa hivyo kila kikapu kilibeba kidogo. Sheria yetu ina kikapu kimoja. Kama hicho kimoja hakikukusudiwa kubeba uchaguzi, basi aliyeiandika aliuacha uchaguzi bila pa kuwekwa. Isitoshe, sheria yenyewe inataja mizozo baina ya mwanachama na halmashauri. Na ni mzozo gani ulio wa asili zaidi baina ya hao wawili kuliko ule wa kuuliza iwapo halmashauri hiyo ilichaguliwa kwa haki?

Mimi basi nasoma "shughuli", na kwa vitendo Jopo limekuwa likizisikiliza kesi za uchaguzi. Lakini si vyema haki ya mfugaji itegemee usomaji wa mwanaisimu. Bunge laweza kuumaliza ubishi huu kwa kuongeza neno moja tu katika kifungu hicho: uchaguzi.

Saa isiyo na mshale

Kasoro ya pili ni ya wakati. Katiba yetu inaitaka Mahakama ya Juu isikilize na kuamua kesi ya kupinga uchaguzi wa rais katika siku 14 tangu kuwasilishwa kwake. Anayepinga uchaguzi wa mbunge hupewa siku 28 za kuwasilisha kesi baada ya matokeo kutangazwa, na uamuzi hutakiwa kutolewa katika miezi sita. Nchi nzima hungoja, kisha hujua. Lakini Sheria ya 1997 haikuweka muda kama huo kwa kesi ya mwenyekiti wa chama cha maziwa. Saa yake haina mshale.

Ucheleweshaji huu una mwenye kufaidika nao. Katika vyama vingi, sheria ndogo hutaka theluthi moja ya halmashauri istaafu kila mwaka. Kesi ikikaa miaka miwili, kiti kinachogombaniwa huwa kimekaribia kumaliza muda wake kabla ya haki kupatikana. Anayejua kwamba hakushinda kwa halali hana haja ya kushinda kesi. Anachohitaji ni kesi isiishe.

Napendekeza vyama vyenyewe viandike muda huo katika sheria ndogo zao bila kungoja Bunge. Lalamiko liwasilishwe kwa maandishi katika siku saba baada ya uchaguzi. Kamati ya uchaguzi, isiyo na mgombea wala mtumishi wa chama ndani yake, itoe uamuzi wenye sababu katika siku 14. Asiyeridhika aelekee kwa wapatanishi kisha kwa Jopo, na Jopo nalo litengewe muda maalum wa kuamua kesi za uchaguzi kabla ya nyinginezo. Aidha, kila agizo la kusimamisha halmashauri liambatane na mpango wa mpito: nani atatia saini malipo ya wakulima na mishahara, na ni mambo gani hayataguswa, kama vile kuuza ardhi au kuchukua mkopo mpya. Chama chaweza kukaa bila mwenyekiti kwa mwezi mmoja. Mfugaji hawezi kukaa bila malipo ya maziwa kwa mwezi mmoja.

Kosa la kusamehe na kosa la kubatilisha

Wapo wanaoamini kwamba kosa lolote katika uchaguzi latosha kuubatilisha. Wengine huamini kwamba aliyetangazwa ametangazwa, asiyetaka ajinyonge. Pande zote mbili zimekosea.

Mnamo tarehe 1 Septemba 2017, Mahakama ya Juu ya Kenya ilibatilisha uchaguzi wa rais kwa uamuzi wa majaji wanne dhidi ya wawili. Hoja mojawapo nzito ilihusu neno dogo "au" katika kifungu cha 83 cha Sheria ya Uchaguzi. Wengi wa majaji waliona kuwa kuna mambo mawili yanayopimwa mbalimbali: iwapo uchaguzi ulifuata misingi ya Katiba na sheria, na iwapo makosa yaliathiri matokeo. Kifungu hicho ni cha chaguzi za umma, lakini hekima yake yawafaa hata wafugaji.

Tuchukue mfano. Mgombea mmoja amepata kura 212 na mwenzake 187, tofauti ikiwa kura 25. Ikibainika kwamba wanachama sita walirudishwa nyumbani kwa sababu karani aliruka ukurasa wa sajili, hilo ni kosa la kusikitikia na kuomba radhi. Hata wote sita wangalimpigia aliyeshindwa, matokeo yangalibaki yale yale. Lakini wakiwa 31, hesabu yenyewe imekwisha kusema. Na ikiwa waliofungiwa nje walifungiwa kwa tangazo lililobandikwa siku chache kabla ya kura, na waliolibandika ni wagombea wenyewe, basi hata wakiwa sita tu, msingi umeng'olewa. Refa hawezi kubadilisha ukubwa wa goli mpira ukiwa uwanjani, sembuse mchezaji.

Kazi ya mwalimu

Nimewaandikia walimu na wanafunzi kwa makusudi. Vijijini, mwalimu ndiye huombwa kuwa katibu wa mkutano, kuhesabu kura na kuandika kumbukumbu. Sheria ya 1997 inamzuia mtu asiyejua kusoma na kuandika kuingia katika halmashauri. Sipingi. Lakini kuna ubishi mwingine ambao sheria haikuugusa. Tunadai kiongozi ajue kusoma, kisha tunamkabidhi sheria ndogo zilizoandikwa kwa Kiingereza cha mawakili ambacho hata mhitimu wa chuo kikuu hukisoma mara tatu. Katiba ya 2010 iliifanya Kiswahili kuwa lugha ya taifa na pia lugha rasmi. Kila chama chastahili kuwa na sheria ndogo za Kiswahili safi, zenye kusomwa kwa sauti katika mkutano na kueleweka.

Mwalimu wa sekondari anayefundisha ufahamu anaweza kuleta darasani kifungu kimoja cha sheria ndogo za chama cha pale pale mtaani, awaulize wanafunzi: nani ana haki hapa? Kwa kipimo gani? Nani anaamua? Lini? Mwanafunzi akikosa jibu, kosa huenda si lake. Huenda kifungu chenyewe kina utata, na utata huo siku moja utaishia mbele ya Jopo. Wanafunzi wa vyuo nao, wanaotafuta mada za utafiti, wasidhani kuwa isimu ni ya kuchambua mashairi na methali tu. Risiti ya maziwa nayo ni matini. Tangazo la langoni nalo ni matini.

Tulivyomaliza

Mgogoro wa kijijini kwetu haukuamuliwa kwa hukumu. Katiba, katika kifungu cha 159, inahimiza upatanisho na njia nyinginezo za kusuluhisha mizozo, na pande zote mbili, zikiwa zimechoka na kuishiwa, zilikubali kuketi pamoja mwaka 2019. Afisa wa ushirika alikuwepo. Wazee walikuwepo. Nami niliitwa, safari hii nikiwa mshtakiwa nusu na shahidi nusu.

Tulikaa ghalani pa chama saa tatu nzima tukiandika sentensi mbili. Nilianza kwa kulifuta neno "hai" mbele ya watu wote na kukiri kwamba lilikuwa kosa langu. Halafu nikawauliza lile swali ambalo nilipaswa kuwauliza mwaka 2009: mwanachama afanye nini ndipo awe na haki ya kupiga kura? Majibu yalikuwa mengi kuliko nilivyotarajia. Mwishowe tuliafikiana kwamba ni yule aliyelipa hisa zake na kuleta maziwa kwa siku zisizopungua 60 katika miezi kumi na miwili iliyotangulia. Tena, ukame uliotangazwa na serikali au maradhi ya mifugo yaliyothibitishwa na daktari wa mifugo hayatampotezea mwanachama haki hiyo. Mama mmoja, aliyekuwa kimya tangu asubuhi, ndiye aliyetaka iongezwe kwamba sajili ya wapigakura itabandikwa ukutani siku 30 kabla ya uchaguzi, na ikishabandikwa hakuna atakayeondolewa bila kusikilizwa.

Uchaguzi ulirudiwa. Yule mzee aliyeniuliza amekufa lini alipiga kura yake mapema asubuhi, akakaa chini ya mti hadi kura ya mwisho ilipohesabiwa. Mgombea wake alishindwa. Nilimfuata nikidhani ningemkuta na hasira, nikamuuliza kama ataenda tena mahakamani.

"Kwenda kufanya nini?" alinijibu huku akiinuka. "Tumeshindwa. Lakini leo nimehesabiwa."